Kaktasi za Nguzo Zimesingiziwa Mengi

"Kaktasi ni mti wetu wa asili." Dai hili husikika sana, na ushahidi unaotolewa ni ule msitu wa miti mirefu yenye miiba katika Hifadhi ya Ziwa Nakuru. Watalii huipiga picha na kuiita kaktasi, waongozaji wengine huwaachia, na wauzaji wa miche nao hufuata jina ambalo mteja amekuja nalo. Ile ni yuforbia, ndugu wa mnyaa tunaouzungushia boma. Kaktasi nguzo, zile zinazosimama wima kwa mbavu na miiba, zote ni za mabara ya Amerika, na nyingi ya zile zinazopandwa bustanini zimetoka Amerika Kusini. Jamaa yao mmoja tu anaota Afrika bila kuletwa na mtu, naye ni Rhipsalis baccifera, mmea unaoning'inia kwenye miti ya misitu yenye unyevu kwa vijiti vyembamba visivyo na umbo la nguzo hata kidogo.

Usiukate mti ili ujue ni upi. Utomvu mweupe wa yuforbia ukiingia jichoni unaweza kumpofusha mtu, kwa hiyo chunguza kwa macho. Kwenye kaktasi, kila fungu la miiba hutoka katika kitone kidogo chenye manyoya, kilichokaa juu ya ukingo wa ubavu. Wataalamu hukiita areoli. Maua hutokea hapohapo, na tawi jipya huanzia hapohapo. Hicho ndicho kitambulisho cha ukoo mzima wa kaktasi, na hakuna mmea wa ukoo mwingine ulio nacho. Yuforbia haina kitone hicho: miiba yake mifupi hukaa miwilimiwili juu ya kigaga kigumu, na maua yake ni madogo ya rangi ya manjano. Ua la kaktasi nguzo nyingi, kinyume chake, ni kubwa kuliko kiganja.

Dai la pili ndilo linaloua mimea mingi, na ndiyo sababu naona uchungu kila ninapolisikia: "Ni mmea wa jangwani, usiunyweshe." Jangwa lipi? Trichocereus pachanoi, inayojulikana kama San Pedro, ni ya miteremko ya Andes nchini Ekwado na Peru, kwenye mwinuko wa mita 2,000 hadi 3,000, ambako mvua hunyesha kila mwaka. Cereus hildmannianus hutoka kusini mwa Brazili, Uruguay na kaskazini mashariki mwa Ajentina, nchi ya majani mabichi na ng'ombe. Mandacaru, yaani Cereus jamacaru, ni ya nyika za kaskazini mashariki mwa Brazili, ambako kiangazi ni kirefu lakini mvua ikija huja kwa nguvu. Eulychnia ya pwani ya Chile ndiyo yenye jangwa halisi, na hata hiyo huishi kwa ukungu unaotoka baharini. Nchi zote hizo haziwezi kuwekwa chini ya kanuni moja ya kumwagilia.

Kweli, mimea hii hutumia maji kwa uangalifu. Vinyweleo vyake hufungwa mchana na kufunguliwa usiku. Hewa ya kaboni huingia gizani, huhifadhiwa ndani ya shina kama asidi, kisha jua likichomoza hutumika kutengeneza chakula. Hiyo ni njia ya kupunguza hasara, na mmea unaopunguza hasara bado una kiu. San Pedro ikipata maji na mbolea wakati wa kukua, kurefuka sentimita 30 kwa mwaka si ajabu. Ikinyimwa, mbavu hubonyea, ncha husinyaa, na mwenyewe hudhani ina ugonjwa. Loweka udongo mpaka maji yatoke chini ya chungu, acha ukauke, kisha rudia. Mwinuko wa Nairobi, Eldoret au Mbeya unaifaa sana San Pedro. Pwani, penye joto usiku na mchana, Cereus huvumilia zaidi.

"Basi ipande kwenye mchanga mtupu." Hapana. Mchanga laini hushikamana, huzuia hewa, na hauna chakula cha mmea. Mizizi inahitaji udongo wenye rutuba uliochanganywa nusu kwa nusu na kitu cha chengachenga: changarawe, kokoto ndogo, au yale mawe mepesi ya volkeno yanayopatikana kwa wingi maeneo ya Longonot na Naivasha. Kipande cha shina kilichokatwa kisipandwe siku hiyohiyo. Kiweke kivulini, penye hewa, mpaka sehemu iliyokatwa ikauke na kufunga kovu gumu, jambo linaloweza kuchukua wiki kadhaa kama shina ni nene. Ukikipanda kibichi kwenye udongo uliolowa, kitaozea chini huku juu kikiendelea kuonekana kizima.

Sasa tuje kwenye majina, ambako upotoshaji umekita mizizi tangu karne ya 18. Kibandiko cha "Cereus peruvianus" kimezagaa duniani kote, na mtu akikisoma huamini kwamba mmea wake umetoka Peru. Jina hilo linatokana na Cactus peruvianus ya mtaalamu wa mimea Linnaeus ya mwaka 1753, na baadaye lilibandikwa mimea ambayo haioti Peru kabisa. Mara nyingi ulio ndani ya chungu ni Cereus hildmannianus, na mara nyingine ni Cereus repandus ya Venezuela na visiwa jirani vya Karibi. Mkanganyiko huongezeka kwa sababu ipo pia Trichocereus peruvianus halisi, ambayo ni ya Peru kwelikweli, na wauzaji huzichanganya hizo mbili.

Kuzitenganisha si kazi ngumu ukijua pa kuangalia. Cereus ina mbavu nyembamba, zilizosimama kama mbao, na mabonde kati yake ni ya kina. Mbavu za San Pedro na jamaa zake ni nene na za mviringo, na ukisogeza jicho juu ya areoli utaona mkunjo mdogo unaokatiza ubavu kwa upana. Mmea ukichanua, ubishi umekwisha. Ua la Cereus hukaa juu ya mrija laini usio na manyoya. Mrija wa Trichocereus umejaa magamba na nywele nyeusi au za kahawia. Yote mawili huchanua usiku, meupe, kwa hiyo toka nje na tochi, kwa kuwa asubuhi jua likikolea ua hulegea. Ukichelewa, tazama tunda: kwenye Cereus masalio ya ua huwa meusi na hubaki yameng'ang'ania kichwani mwa tunda.

Wapo wanaosema hesabu ya mbavu inatosha. Haitoshi. Mmea mmoja unaweza kuanza na mbavu tano na kuongeza nyingine unaponenepa, na matawi ya shina moja yanaweza kutofautiana. San Pedro kwa kawaida huwa na sita hadi nane, lakini kuna zenye nne na kuna zenye kumi na zaidi. Miiba nayo hudanganya. Tunaambiwa yenye miiba mifupi ni pachanoi na yenye miiba mirefu ni peruvianus, lakini katika mabonde ya Peru ipo mimea ya kila daraja kati ya hizo mbili, na jua, umri na unyevu hubadilisha urefu wa mwiba. Picha ya ncha moja haimpi mtaalamu mwaminifu jina la uhakika. Anayekutajia jina kwa sekunde mbili, mwombe akuoneshe areoli, ua na mahali mmea ulipotoka.

Na ukikuta kitabu kimoja kimeandika Trichocereus pachanoi na kingine Echinopsis pachanoi, usidhani kimoja kimekosea mmea. Wataalamu wa mimea Britton na Rose waliutaja kwa jina la kwanza mwaka 1920. Mwaka 1974 ukahamishiwa Echinopsis. Kisha uchunguzi wa vinasaba uliochapishwa mwaka 2012 ukaonesha kwamba Echinopsis hiyo pana haikutokana na babu mmoja, na wengi wakarudi kwenye Trichocereus. Mimi naandika Trichocereus kwa sababu ushahidi huo umenishawishi.

Kuhusu zile nguzo zenye mikono zinazoitwa saguaro kila zinapoonekana: saguaro ni ya Arizona na Sonora. Majitu ya Andes ni cardón, na Ajentina iliyatengea hifadhi yake, Los Cardones, mkoani Salta, mwaka 1996. Mbao zake zenye matundu ziliezeka makanisa ya nyanda za juu.

"Cereus haizai huku kwa sababu ya hali ya hewa." Sababu ya kweli iko kwenye chavua. Ua la Cereus hii ya bustanini halikubali chavua yake lenyewe. Mtaa mzima ukiwa umepanda vipande vya shina la jirani mmoja, mimea yote hiyo ni mmea mmoja, na maua yatadondoka matupu kila mwaka. Tafuta kipande kutoka bustani isiyo na uhusiano na hiyo, au panda mbegu. Tunda lake jekundu lenye nyama nyeupe huliwa, na Israeli wamelilima kwa biashara.

Dai kwamba kaktasi mezani hunyonya mionzi ya kompyuta sitalipa nafasi kubwa. Mawimbi hayafuati mmea. Husambaa pande zote, na chungu kilicho pembeni mwa skrini hakizuii kitu kati ya skrini na uso wako. Utafiti wa NASA wa mwaka 1989 unaotajwa kama ushahidi ulihusu gesi zilizomo ndani ya nyumba. Zaidi ya hayo, mezani mwanga ni hafifu: shina hurefuka jembamba kutafuta jua, na shingo hiyo nyembamba hainenepi tena.

Dai la mwisho lina madhara yanayovuka ua wa mtu: "Kaktasi haiwezi kuwa gugu." Waulize wafugaji wa Laikipia, ambako mpungate wa Opuntia stricta umemeza malisho na kujeruhi midomo ya mbuzi. Huo si nguzo, lakini Afrika Kusini inapambana na nguzo zenyewe: Cereus jamacaru kutoka Brazili na Trichocereus spachianus kutoka Ajentina, zote zikiwa zimetoroka bustanini. Kwa jamacaru walilazimika kuleta mdudu mdogo anayefyonza utomvu na kuumbua ncha za mmea. Ndege hula matunda na kusambaza mbegu, na kipande cha shina kilichotupwa jalalani huota mizizi bila kusaidiwa na mtu. Unapopogoa, usitupe mabaki kando ya barabara wala mtoni: yakatekate, yaanike juu ya sakafu ya saruji mpaka yakauke kabisa, kisha yachome.