Shifta ya ngazi tisa, visahani saba

Mzazi anayemnunulia mtoto baiskeli ya mtumba huuliza maswali mawili: ni pesa ngapi, na ina gia ngapi? Muuzaji hujibu kwa majivuno kwamba ina gia 21, na hapo biashara huisha. Hakuna anayeuliza kama gia hizo zinaelewana. Na kwa kweli siku ya kununua swali hilo halina haja sana, kwa sababu baiskeli ilipotoka kiwandani huko ng'ambo vipuri vyake vilichaguliwa pamoja. Haja huja miezi kadha baadaye, kipuri kimoja kinapovunjika na mwenye baiskeli akaenda kutafuta kingine.

Hapa mtaani Section 58 kuna kijana aliyeitwa Chuo Kikuu cha Egerton kule Njoro. Baba yake, akihesabu nauli ya matatu kwenda na kurudi, aliamua kumpa baiskeli ya mtumba yenye visahani vya meno saba nyuma na vitatu mbele. Saba mara tatu, ndiyo hiyo 21. Safari yenyewe si ya mzaha. Nakuru iko takriban mita 1,850 juu ya usawa wa bahari, Njoro inapita mita 2,100, na kutoka Section 58 lazima kwanza uuvuke mji mzima kabla hujaanza kupanda. Haukupita muda mrefu, shifta ya kulia ikavunjika, yaani kile kidude cha kwenye usukani kinachovuta waya wa gia. Mzee akaenda mjini, akaonyeshwa mpya ya ngazi tisa. "Mzee, chukua hii," akaambiwa. "Tisa inashinda saba."

Fundi akaifunga, akakaza, akalegeza, akapokea pesa zake. Juma hilo hilo, kijana akiwa amesimama juu ya pedali akipanda mlima, mnyororo uliruka kisahani bila kuguswa, mguu ukakanyaga hewa, naye akaanguka upande wa barabarani. Nyuma yake palikuwa na lori. Bahati nzuri dereva alikuwa macho, na kijana akaondoka na michubuko ya goti tu.

Lawama zote zilimwangukia fundi. Mimi simlaumu sana, maana kazi aliyopewa haikuwezekana. Shifta haijui baiskeli ina visahani vingapi. Kila inapolia "tak" huvuta waya kwa kipimo kimoja, basi. Waya nao huvuta diraila, ule mkono wa chuma unaoning'inia chini ya visahani vya nyuma, nayo diraila ndiyo husogeza mnyororo. Kwa hivyo "tak" moja lazima ilingane na nafasi iliyoko kati ya kisahani na kisahani. Katika vipuri vya Shimano, ambavyo utavikuta kwenye baiskeli nyingi za mitumba, visahani vikiwa saba nafasi hiyo ni milimita 5.0. Vikiwa vinane ni 4.8, na vikiwa tisa ni 4.35, kwa kuwa vimebanwa zaidi.

Sasa chukua kalamu. Shifta ya ngazi tisa kwenye visahani saba hupungukiwa na milimita 0.65 kila hatua. Kutoka kisahani cha kwanza hadi cha saba ni hatua sita, na mara sita hiyo ni milimita 3.9, karibu upana wa kisahani kizima na nafasi yake. Hakuna skrubu ya kurekebisha kosa la namna hiyo. Ukinyoosha juu, chini patapinda. Shifta ya ngazi nane yaweza kuvumilika, kwa sababu kosa lake lote ni milimita 1.2, na fundi hodari akilinganisha katikati huligawa huku na huku. Itanung'unika, lakini itakufikisha. Ile ya tisa, hasha!

Watu wengine hutupa pesa kwa upande wa pili. Shifta ikiharibika wanaambiwa wanunue na diraila, "ili zifanane". Hebu ngoja kwanza. Diraila za Shimano za gia saba, nane na tisa husogea kwa uwiano ule ule. Ukipata diraila safi iliyotolewa kwenye baiskeli ya gia tisa, itafanya kazi vizuri kwenye visahani saba, mradi shifta iwe ya saba. Idadi ihesabiwe kwenye shifta na kwenye visahani. Hivyo viwili ndivyo mume na mke. Tahadhari ni kwa gia kumi za baiskeli za milimani, ambapo Shimano walibadilisha uwiano huo, na kwa kampuni ya SRAM. Zipo shifta za SRAM, hasa zile za kuzungusha kwa kiganja, zinazovuta waya karibu mara moja na nusu ya zile za Shimano. Lakini SRAM hao hao walitengeneza nyingine za kufuata kipimo cha Shimano, kwa hivyo kusoma jina peke yake hakutoshi. Beba baiskeli nzima hadi dukani, si kipande kilichovunjika peke yake.

Na ukikosa kabisa inayolingana? Tafuta shifta ya zamani isiyo na "tak". Kabla ya mwaka 1984, Shimano walipotoa ule mtindo wao wa ngazi uliokuja kuenea kote, mwendeshaji alisukuma kijiti mwenyewe mpaka mnyororo unyamaze. Kijiti hicho hakijali saba wala tisa, wala jina la kampuni. Vijana hukicheka. Mimi naona ndicho kipuri chenye akili kuliko vyote kwa familia isiyo na pesa za kuchezea, na baada ya siku mbili tatu sikio huwa limezoea. Jirani yetu alipata hicho hicho kwenye rundo la vipuri vikuukuu, akamwachia muuzaji ile ya tisa.

Ukinunua visahani vyenyewe, kwanza ujue vinafungwaje. Zizungushe kinyumenyume huku ukitazama kifungio cha katikati. Kikitulia tuli, hiyo ni friwili, inayofungwa kwa nyuzi kama kifuniko cha chupa. Kikizunguka pamoja na visahani, hiyo ni kaseti, na friwili haitaingia hapo hata ukiipigia nyundo.

Wapandaji wa Njoro na wale wa kuelekea Menengai hupenda kisahani kikubwa cha meno 34 badala ya 28, na wana haki. Kwa meno 28 mbele na 28 nyuma, pedali ikizunguka mara moja gurudumu nalo huzunguka mara moja. Ukiweka 34, gurudumu huzunguka kama mara 0.82 tu, na mapaja yatakushukuru. Ila diraila ina kikomo chake. Chukua meno ya kisahani kikubwa cha mbele utoe ya kidogo, tuseme 48 toa 28, ni 20. Nyuma 34 toa 14, ni 20 tena. Jumla 40. Diraila fupi isiyoweza kumeza jumla hiyo itauacha mnyororo ukining'inia kama kamba ya nguo, au iuvute hadi kitu kivunjike.

Mnyororo wenyewe usisahauliwe. Ule wa baiskeli ya "black mamba" ni mpana mno kwa gia; usikubali kuuziwa eti ni imara. Na hapa kwetu mnyororo huzeeka haraka. Jina Nakuru lenyewe husemekana limetokana na neno la Kimaasai la mahali pa vumbi, na vumbi likichanganyika na mafuta huwa tupa ya kusaga chuma. Chukua rula ya shule yenye inchi 12. Weka sifuri katikati ya pini moja, kisha utazame upande wa pili. Mnyororo mpya huwa na pini juu ya 12 sawasawa. Pini ikipita kwa sehemu moja ya 16 ya inchi, badilisha mnyororo peke yake. Ikipita kwa sehemu moja ya nane, visahani navyo vimekwisha kulika, na utalipia vyote viwili.