Mwanzo ni Maji, Mwisho ni Kinga: Biharusi Apange Vipi Vipodozi vya Uso?



Kila msimu wa harusi ukikaribia tunaletewa picha ile ile: meza ya kujipambia, chupa saba au nane zimepangwa mstari, na chini yake swali: "Nianze na ipi?" Tumekuwa tukijibu mmoja mmoja. Safari hii tunaona bora tuseme moja kwa moja tunachokiamini, kwa sababu jambo hili limetuingia nyumbani.

Binti yetu, tuliyemlea sote, ameolewa Kilema, kwenye miteremko ya Mlima Kilimanjaro. Tulivuka kwa boti mpaka Dar es Salaam, tukapanda basi mpaka Moshi, kisha gari dogo likatupandisha juu katikati ya migomba na mibuni. Wengi wanaijua Kilema kwa misheni ya Wakatoliki iliyoanza mwaka 1890 na kwa kahawa yake. Sisi sasa tunaijua kwa wakwe zetu, Waislamu wa hapo hapo mlimani, waliotupokea kama ndugu waliopotezana miaka mingi.

Biharusi wetu alikuwa amefanyiwa kila kitu. Somo wake alimsinga kwa singo ya liwa, waridi na asumini kwa siku saba, akapakwa hina, akafukizwa udi. Lakini pembeni, bila kumwambia somo, naye alikuwa na yake: tona ya asidi, seramu ya vitamini C, retinoli, na krimu ya kopo lisilo na maandishi ya maana aliyouziwa kwa ahadi ya "kung'arisha". Vyote alivipaka juu ya uso mmoja, asubuhi na jioni. Unguja aling'ara kweli, na sisi tukamsifu: "Mashaallah, umekuwa mweupe!"

Kufika Kilema akakuta baridi na mawingu. Akaona jua halipo, akaacha mafuta ya kukinga jua. Siku ya tatu mashavu yalikuwa yamewiva na kubanduka, na chini ya macho pamepiga weusi. Siku ya walima tulimkuta amekaa karibu na ndoo analia. Maji ya udhu yalikuwa yanamuunguza. Akatuuliza kama anaruhusiwa kutayamamu.

Swali hilo lilitunyamazisha. Msichana mwenye afya, maji safi ya mlima yako mbele yake, na anayaogopa kwa sababu ya vitu alivyojipaka ili apendeze. Ndipo tulipoona kwamba mpangilio wa vipodozi ni jambo la ngozi, na ukikosewa unaweza kumfikia mtu mpaka kwenye sala yake. Na kosa halikuwa lake peke yake. Sisi tulimfundisha majina ya chupa, hatukumfundisha utaratibu. Na tulimsifia weupe.

Tunaanza na hilo la weupe, kwa sababu ukikosea hapa mpangilio wowote hautakusaidia. Krimu ya kuchubua, au mkorogo, haina nafasi ya kwanza wala ya mwisho kwenye meza ya biharusi. Zebaki na haidrokwinoni zimepigwa marufuku katika vipodozi nchini Tanzania, na si kwa kutuonea. Zebaki hupenya kwenye ngozi, huharibu figo, na humfikia mtoto aliye tumboni. Ngozi iliyochubuliwa hupoteza kinga yake mbele ya jua, ndiyo maana anayeanza kwa kutafuta weupe mara nyingi huishia na madoa meusi kuliko aliyokuwa nayo. Kopo lisiloandikwa kilichomo ndani, shoga, usilifungue.

Sasa mpangilio wenyewe. Kanuni ni nyepesi: anza na safi, kisha chepesi, kisha kizito, na mchana malizia na kinga ya jua.

Asubuhi, osha uso kwa sabuni laini isiyokausha. Ngozi ikiwa bado na unyevunyevu, paka seramu kama unayo, maana ni ya majimaji na inahitaji kugusa ngozi yenyewe. Ikitulia, paka losheni au krimu ya kulainisha. Mwisho kabisa paka mafuta ya kukinga jua yenye SPF 30 au zaidi, ya kutosha kujaza urefu wa vidole viwili kwa uso na shingo. Mekapu, kama ipo, ikae juu ya hayo. Ukitanguliza mafuta ya nazi au ya mgando, umefunga mlango: seramu ya majimaji haitapita. Na ukichanganya kinga ya jua na losheni kiganjani ili uokoe muda, umeipunguza nguvu, kwa sababu inatakiwa ikae juu ya ngozi kama tabaka moja lililo sawasawa.

Usiku ni rahisi zaidi. Osha, acha ngozi ikauke, na kama unatumia retinoli chukua kiasi cha punje moja ya mbaazi, usiku mmoja na kupumzika mmoja au miwili. Kisha losheni. Mwenye ngozi kavu amalizie na mafuta ya nazi kidogo. Asidi na retinoli zisikutane usiku mmoja. Na usiku wa singo uwe wa singo tu. Singo inasugua, retinoli inalainisha tabaka la juu la ngozi. Ukivikutanisha unajichuna mwenyewe.

Kwa biharusi tunaongeza neno ambalo wengi hawaambiwi. Retinoli haifai kwa mjamzito wala kwa anayetarajia kushika mimba. Ukiingia kwenye ndoa ukiomba dua ya mtoto, chupa hiyo iage mapema. Na usijaribu kitu kipya chochote mwezi wa mwisho kabla ya harusi. Ngozi ikikataa, inahitaji wiki kadhaa kutulia, na ukumbi hausubiri.

Tunajua yapo mapingamizi. La kwanza: "Kinga ya jua ni ya Wazungu." Ni kweli ngozi nyeusi haiungui upesi kama nyeupe. Lakini jua ndilo linalokoleza madoa ya chunusi na ya ujauzito, yale yale tunayotumia fedha nyingi kuyafuta. Na mlimani jua ni kali kuliko linavyohisiwa. Kila ukipanda mita 1,000, miale ya urujuanimno huongezeka kwa takriban asilimia 10, na mawingu huzuia sehemu yake tu. Kilema iko zaidi ya mita 1,000 juu ya bahari. Baridi ilimdanganya binti yetu, ngozi haikudanganyika.

Wala si jambo geni huko. Moshi, kwenye hospitali ya KCMC, kuna kituo cha kanda cha mafunzo ya magonjwa ya ngozi tangu mwaka 1992, na ni Moshi hiyo hiyo ambako mafuta ya Kilisun yalianza kutengenezwa kwa ajili ya ndugu zetu wenye ualbino, ambao kwao kinga ya jua ni uhai.

Pingamizi la pili linatoka kwa wacha Mungu: "Nikipaka vyote hivi, udhu wangu je?" Hili ni swali zuri. Tulivyofundishwa na masheikh wetu wa Shafii, chenye kiwiliwili kinachozuia maji kuifikia ngozi lazima kiondolewe. Ama athari ya mafuta au rangi ya hina iliyobaki, haidhuru maadamu maji yanapita. Kwa hiyo singo, faundesheni nzito na mafuta ya jua mazito yale ya kubaki meupe usoni, yaoshe kwanza kwa sabuni kisha utawadhe. Mwenye shaka na bidhaa yake amuulize sheikh wake akiwa na kopo mkononi.

Lakini tunakwenda mbele zaidi: kwa maoni yetu udhu si kikwazo cha mpangilio, ndio saa yake. Jua hukaza kuanzia saa nne asubuhi hadi saa kumi jioni, na kinga ya jua hutakiwa kurudiwa takriban kila saa mbili ukiwa nje. Adhuhuri na Alasiri zinaangukia humo humo. Tawadha, sali, jikaushe kwa kugusa na kitambaa bila kusugua, rudia kinga. Anayeshinda shambani au sokoni arudie na katikati yake. Usiku, baada ya Isha, ndiyo zamu ya losheni na dawa zako. Dada anayeosha uso mara tano kwa siku tayari ana ratiba. Kinachobaki ni kuipa heshima.

La tatu husemwa na mama zetu: "Sisi tulijua singo tu, na tulikuwa wazuri." Hapa tunakubali zaidi ya nusu. Singo ina mahali pake, na mkono wa somo hauna mbadala. Tunachoomba ni kwamba somo aambiwe kila kilichomo mezani. Biharusi anayeficha chupa anamfanya somo asugue ngozi iliyokwisha kuchunika.

Binti yetu alionwa na mtaalamu wa ngozi mjini Moshi, na dawa yake ya kwanza ilikuwa kuacha: sabuni laini, losheni, kinga ya jua, basi. Mavyaa wake aliwaona wageni wa pwani wakihangaika na chupa ya mafuta ya nazi iliyoganda kwa baridi. Akaichukua bila neno, akaiweka karibu na jiko mpaka ikayeyuka, akampaka mwenyewe miguu na mikono. "Uso uuache upumzike, mwanangu," alimwambia. Baada ya wiki chache alitupigia simu. Hakusema amekuwa mweupe. Alisema ametawadha Alfajiri kwa maji ya baridi ya mlimani na hakusikia maumivu.

Habari hiyo ndiyo tungependa kuisikia kutoka kwa kila biharusi. Tukiwaona mking'ara, tutajitahidi tusiulize mmekuwa weupe kiasi gani. Nanyi mtusaidie: mpunguze chupa, mfuate mpangilio, na mwanzo wa yote uwe maji.

Wabillahi tawfiq.