TIMU YA MTAA NI YA NANI?

Wahenga walinena, mwacha mila ni mtumwa. Mwaka 1965 bingwa wa ligi ya Kenya hakutoka Nairobi wala Kisumu. Alikuwa Feisal, timu ya Mombasa hapa hapa. Leo muulize kijana wa Kuze au Kibokoni habari za Feisal, atakutolea macho. Muulize Arsenal, atakutajia mpaka wachezaji wa akiba!

Wengine husema eti vipaji vimekwisha. Mimi sikubaliani nao. Kilichopungua ni wenyewe. Bandari ilitwaa kombe la shirikisho mwaka 2015 na 2019, na nyuma yake ipo Halmashauri ya Bandari. Timu ya mtaa iliyo daraja la pili haina tajiri kama huyo. Ina watu wake tu: wa kununua mipira, wa kuchanga nauli ya kwenda kucheza bara, na wa kujaza uwanja. Na ule Uwanja wa Manispaa ulipovunjwa ili ujengwe upya, miaka ilipita, watu wakapoteza mazoea ya kwenda.

Jamani, kupenda timu za Uingereza si dhambi. Lakini Arsenal haitamtoa ndugu yako maskani jioni ikamwepusha na unga. Timu ya mtaa yaweza. Basi wenzangu, Jumamosi tutoke tukawashangilie wetu, na mwenye shilingi ishirini azitoe. Haba na haba hujaza kibaba.