Wauza bidhaa kwa simu wasisahau dini



Naomba nafasi katika gazeti lako ili nami nitoe dukuduku langu kuhusu biashara ya kununua vitu kwa simu, ambayo sasa imefika mpaka vijijini kwetu.

Kabla ya Maulidi yaliyopita, wazazi wa watoto 14 wa madrasa ya kijiji chetu walinikabidhi Sh. 210,000 niwanunulie watoto kanzu. Nilimpata muuzaji wa Dar es Salaam ambaye tangazo lake linaanza kwa Bismillahi, na picha zilionyesha kanzu za kitambaa kizito. Nikatuma fedha zote. Mzigo ulipofika kwa basi, kitambaa kilikuwa chepesi kama chandarua, na kanzu tatu zilikuwa zimefumuka mishono. Nilipompigia alinijibu kwa maneno tuyaonayo madukani: mali ikishauzwa hairudishwi. Hasara ile niliilipa kwa mshahara wangu, maana fedha za wazazi zilikuwa amana.

Siandiki ili kumtangaza mtu huyo. Nauliza tu: je, dini inahusu soko la Kariakoo peke yake, na simu haimo?

Katika sheria ya Kiislamu, aliyeuziwa kitu chenye kasoro iliyofichwa ana haki ya kukirudisha. Kibao cha dukani hakiwezi kuifuta haki hiyo. Mtume (S.A.W.) alipotia mkono katika lundo la chakula sokoni akakuta chini limelowa, alimwambia mwenye mali aiweke sehemu iliyolowa juu ili watu waione.

Wala kulipia kitu ambacho hujakiona si jambo jipya. Mtume alipohamia Madina mwaka 622, aliwakuta watu wakilipia tende mwaka mmoja au miwili kabla ya kuzipokea. Hakuwakataza, bali aliwataka wapatane kwa kipimo, uzito na muda unaojulikana. Kwa hiyo muuzaji wa simu naye aeleze: kitambaa gani, ukubwa gani, bei gani, mzigo utafika lini na nani atalipia basi. Kumwambia mteja "bei njoo inboksi" si maelezo.

Wapo pia wasiokuwa na mali yoyote. Hupiga picha katika duka la mtu, hupokea fedha, ndipo waende kutafuta. Sahaba Hakim bin Hizam alimwuliza Mtume juu ya biashara ya namna hii, akakatazwa kuuza asichokuwa nacho. Anayetaka kazi hiyo aseme wazi kuwa yeye ni wakala na ujira wake ujulikane. Udalali si dhambi. Dhambi ni kujifanya mwenye mali.

Lakini nisiwaonee wauzaji peke yao. Sisi wanunuzi tunaagiza mzigo wa kulipia ukifika, na siku ukifika tunazima simu. Wengine huvaa gauni harusini, kesho yake wakadai lina kasoro. Mimi mwenyewe niliwahi kuagiza viatu, kisha nikapata vya bei nafuu mnadani nikanyamaza. Yule kijana alilipia mzigo kuja na kurudi. Nilipodhulumiwa ndipo nikamkumbuka. Nimemtafuta, nimemwomba radhi na kumrudishia gharama zake.

Bunge limetunga Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015, inayotambua mapatano ya njia hii. Kwa hiyo wananchi tutunze ujumbe wa mapatano na risiti za malipo, kama vile Kurani katika Sura ya Baqara, aya ya 282, inavyotuagiza kuandika madeni ya muda. Hata hivyo, polisi hawezi kukaa ndani ya kila simu. Panapokosekana askari, hubaki imani ya mtu.

Nawaomba masheikh wetu walizungumze jambo hili katika khutba za Ijumaa. Kurani imewaonya vikali wanaopunja vipimo, na kwa biashara ya leo picha ndiyo mizani. Anayepunja kwa picha hana tofauti na anayepunja kwa mizani. Naamini ndugu zetu wa dini nyingine nao wana fundisho hilo hilo.



Mwalimu wa Shule ya Msingi,
Kilwa.