Jeraha la Kichwa Lisiloonekana Pichani

Katika mji wa Garissa, kama ilivyo Malindi, bodaboda imekuwa mguu wa kila mtu, na kijana anayeanguka nayo jioni aghalabu huinuka, hukung'uta vumbi, na asubuhi yuko tena stendi. Pengine alipelekwa Hospitali ya Rufaa ya Kaunti, akapigwa picha ya CT, na picha ikatoka safi. Jamaa humshukuru Mola, na mambo huishia hapo.

Lakini picha hiyo hutafuta damu iliyovuja na mfupa uliovunjika. Mtikisiko wa ubongo ni jambo jingine: ubongo umesukwasukwa ndani ya fuvu, umbo lake likabaki vile vile, ila kazi ya neva zake ikavurugika. Mvurugiko huo mara nyingi hujitokeza pale macho, sikio la ndani na shingo vinapotakiwa kushirikiana, kwani vitatu hivyo ndivyo vinavyompa mtu mizani ya mwili.

Mwaka 2014 wataalamu wa Chuo Kikuu cha Pittsburgh, Marekani, walichapisha uchunguzi mfupi usiozidi dakika kumi hivi. Kwanza mgonjwa huulizwa kiasi cha maumivu ya kichwa, kizunguzungu, kichefuchefu na ukungu akilini, kila kimoja kwa alama kutoka 0 hadi 10. Kisha hufuata ncha ya kalamu kwa macho, huyarusha macho upesi baina ya vidole viwili, na hugeuza kichwa huku na huku akiwa amekazia macho neno moja. Baada ya kila zoezi huulizwa upya. Hapo ndipo ilipo siri yake: macho yaweza kwenda sawa mbele ya mpimaji, na mwenyewe ndani akawa anazama. Kalamu husogezwa pia kuelekea puani mpaka ionekane mbili. Ikigawanyika zaidi ya sentimita 5 kabla ya kufika pua, pana shaka. Mizani hupimwa peke yake: mtu husimama kisigino cha mguu mmoja kikigusa vidole vya mwingine, macho yamefumbwa, kwa sekunde 20.

Vifaa vyake ni kalamu, saa na futikamba ya fundi cherehani. Zahanati ya Ijara au Hulugho, isiyo na mashine wala umeme wa kutegemewa, yaweza kuufanya maadamu mhudumu amefunzwa.

Anayetapika mara kwa mara, anayeshikwa na kifafa, anayezidiwa na maumivu, asiyeamshika vyema, au ambaye mboni zake hazilingani, huyo hapimwi kwa kalamu. Akimbizwe hospitali saa hiyo hiyo.

Wanaonihuzunisha zaidi ni watoto. Mwanafunzi wa duksi aliyeanguka wiki iliyopita huona mistari ya ubao ikimchezea. Mwalimu humwita mvivu, na nyumbani hutajwa jini. Asomewe, hakuna anayekataza, lakini daktari naye aambiwe kuwa mtoto alianguka. Mtu mzima huyumba anapoinuka kutoka sijida. Naye asiyeweza kusimama sheria imemruhusu kuswali ameketi. Dereva wa bodaboda ndiye mwenye hatari kubwa, kwani ageuzapo kichwa kutazama nyuma, barabara nzima huzunguka naye, na pigo la pili kabla ya kupona la kwanza laweza kuwa zito mno.

Siku moja au mbili za kupumzika hutosha, kisha arejee shughuli nyepesi polepole. Watu wazima wengi hupona ndani ya wiki mbili, watoto ndani ya nne. Anayebaki na kizunguzungu ana mazoezi yake maalumu ya macho na mizani kwa mtaalamu wa tiba ya viungo. Basi mnapofika kliniki, msiseme tu "anaumwa kichwa." Semeni aligongwa lini, alizirai au la, na ombeni waziwazi apimwe macho na mizani.