Anayecharaza Gitaa Stendi Alipwe

Ndugu zangu wa Same, wa tambarare na wa milimani, kuanzia Hedaru na Makanya hadi Gonja na Mamba Myamba: nawaombeni tusimame na wanamuziki wetu wa stendi na gulioni.

Mwaka 2009 kundi la Staff Benda Bilili la Kinshasa lilitoa albamu ya Très Très Fort. Waimbaji wake kadhaa walikuwa wamepooza miguu kwa polio, wakitembelea baiskeli za magurudumu matatu, wakiimba mitaani katika jiji lililokuwa linatoka vitani. Kijana wao, Roger Landu, alipiga chombo alichojitengenezea kwa kopo, kijiti na waya mmoja. Mazoezi waliyafanyia kwenye bustani ya wanyama. Mwaka 2010 filamu inayowahusu ikaonyeshwa kwenye tamasha la Cannes, wakazunguka Ulaya wakijaza kumbi. Hapo kabla, wapita njia wengi waliwaona ombaomba tu.

Sisi hatujatoka vitani. Tuna udhuru gani? Mabasi ya Dar es Salaam, Moshi na Arusha yanapita hapa kila siku. Abiria ananunua ndizi, analipa bei yake. Lakini asiyeona anayecharaza gitaa juani anatupiwa sarafu kwa huruma, na wengine wanamwambia asogee. Hilo linaniuma, kwa sababu yule mtu yuko kazini.

Wazee wetu walijua kusimama pamoja. Januari 1945 maelfu ya Wapare waliteremka milimani wakapiga kambi hapahapa Same kuikataa kodi ya mbiru, na mwishowe serikali ya kikoloni ikaifuta. Ninachoomba leo ni chepesi kuliko hicho.

Madiwani, idaini halmashauri itenge mahali penye kivuli stendi na gulioni, mwanamuziki apige bila kufukuzwa. Kamati za harusi, mnapopanga fungu la muziki, mwiteni na huyu, mpatane bei, mmlipe kabla ya sherehe. Vijana wenye simu, mrekodini kwa ridhaa yake, liandikeni jina lake kwenye kila video, kisha mmsindikize kusajili kazi zake COSOTA, ofisi ya hakimiliki. Asiyeona hawezi kuachiwa fomu ajijazie. Na wanaozijua nyimbo za Kipare za kulima na za kuoa wapewe nafasi shuleni, wakiwa bado na sauti.

Kwenye mkutano ujao wa kijiji au kitongoji chako, mwenyekiti akifika kwenye mengineyo, nyoosha mkono ulitaje hili, liandikwe kwenye muhtasari.