HIYO 'C' NI YA KUTAFUTA UJIKO TU!

Leo kwenye kona yetu ya ung'eng'e tunalo neno linaloumbua watu kweli kweli: indict.

Utalikuta kwenye magazeti ya kimombo vigogo wakianza kupandishwa kizimbani. Maana yake ni kumshitaki mtu rasmi kwa kosa la jinai. Sasa mwambie mtu alisome kwa sauti darasani... "indikti!" Wenzake hoi kwa kicheko, na tangu siku hiyo jamaa hafungui tena mdomo, hata kwenye intavyuu ya kazi anajibu kwa kichwa. Utamkaji wenyewe ni "in-DAIT". Hiyo C unaipotezea.

Lakini jamaa kakosa nini? Kwenye Kiswahili unasoma kilichoandikwa, basi. Na Waingereza wenyewe zamani waliliandika bila C! Miaka 400 hadi 500 hivi iliyopita wasomi wao wakataka maneno yafanane na Kilatini, wakaanza kupachika herufi. Debt, yaani deni, ikapewa B kwa sababu Kilatini ni debitum. Mpaka leo ni "det" tu. Victuals, yaani maakuli, ikapachikwa C, ila hutamkwa "VI-tolz". Receipt ikabebeshwa P, wakati sisi tunasema risiti bila P yoyote na tuko sawa kabisa. Kwa hiyo anayekucheka, muulize C ya indict imetoka wapi. Wengi watatoa macho.

Ila usibweteke! Perfect nayo ilipachikwa C hivyo hivyo, na hiyo watu waliizoea, wanaitamka. Kanuni hakuna mshikaji, unakariri moja moja.

Wale wa bandarini nao wana lao: quay, yaani gati. Ukisema "kwei" umeumbuka. Ni "kii", sawasawa na key ya mlangoni, na zamani iliandikwa hivyo hivyo kabla hawajaiga quai ya Wafaransa. Colonel je? L mbili zote hizo, halafu inatamkwa "KA-nel", karibu kabisa na kanali wetu.

Wiki ijayo tunamvaa boatswain, mkuu wa mabaharia wa sitahani. Herufi tisa, silabi mbili. Jaribu mwenyewe kwanza, usiulize mtu!